Mwanamkasi na Kitwana Mwenye Sauti

Jamani, niwape?
— Tupe!
Nikiwapa mtapokea?
— Kwa mikono miwili!

Basi pokeeni. Hapo kale palikuwa na mji kando ya mto mkali. Kila masika mto uling'oa daraja na kuondoka na watu. Mjini palikuwa na chuo cha mafundi wa madaraja: wanaume tele, mwanamke mmoja. Jina lake Mwanamkasi, naye alitaka kuwa wa kwanza.

"Kuwa wa tatu hakukutoshi?" mama yake mdogo akalalamika. "Ukiwapita wanaume, nani atakuoa? Unajitesa kwa ajili ya nani?"

"Kwa ajili yangu, mama mdogo."

"Makubwa haya!"

Siku ya kwanza Mwalimu Shomvi akauliza, "Daraja letu huanguka kwa nini?"

"Maji yanakula udongo chini ya nguzo," akajibu Mwanamkasi.

Mwalimu hata hakugeuka. Nyuma yake Mwanamkasi alikaa Kitwana, kijana wa sauti nene. Akanguruma: "Maji yanakula udongo chini ya nguzo!"

"Ahaa! Kitwana una akili!"

Siku ya pili: "Tuzikingeje nguzo?"

"Tuzizungushie mawe makubwa," akasema Mwanamkasi.

"Tuzizungushie mawe makubwa!" akanguruma Kitwana.

"Ahaa! Kitwana una akili!"

Siku ya tatu Mwanamkasi akasimama, akapaza sauti: "Nguzo zikae juu ya mwamba!"

"Punguza ukali, binti," akasema mwalimu. Kitwana akarudia yale yale. Wenzangu, mwalimu akasemaje?
— Ahaa! Kitwana una akili!
Ndiyo hayo! Masikio anayo mawili, sijui ya kazi gani.

Mwanamkasi akafika nyumbani, akatupa kanga huko. "Nimechoka! Nimechoka kuliko punda wa chokaa!" Akalia kwa hasira, akanawa uso, akarudi kusoma.

Siku Liwali alipokuja kuchagua fundi mkuu, akauliza, "Daraja jipya tulijenge lini?"

Mwanamkasi akajibu taratibu, Kitwana peke yake asikie: "Masika, mto ukijaa, nguzo zielee zenyewe mpaka mahali pake."

Kitwana akaruka juu. "Masika, bwana! Nguzo zielee zenyewe!"

Liwali akakodoa macho. "Nguzo za mawe zielee?"

Watu wakaangua kicheko. Kitwana jasho likamtoka. "Si mimi! Kasema Mwanamkasi! Siku zote husema yeye!"

"Siku zote?" Liwali akamgeukia mwalimu. Mwalimu akatazama viatu vyake.

Mwanamkasi akasimama. "Tujenge kiangazi, maji yakiwa ya magotini. Nguzo juu ya mwamba, mawe pembeni."

"Fundi mkuu ni wewe," akasema Liwali.

Walipotoka, mwalimu akamkimbilia. "Mwanangu, kumbe unajua! Mbona muda wote ulikuwa kimya?"

Mwanamkasi akachukua kamba ya kupimia. Akampa ncha moja.

"Shika hapo, Mwalimu, tupime mto."

Nimeitua ngano yangu. Imewakolea?
— Imekolea!
Basi nendeni nayo. Isiyemkolea aniachie, nitaiongezea chumvi mwenyewe.