Kanga ya Marehemu

Palikuwa na mtu mmoja, Malunde jina lake, Mnyamwezi aliyejaliwa ulimi mwepesi. Alikuwa na kipindi chake cha kuchekesha katika televisheni. Hakuandika kitu wala hakukariri. Watazamaji ukumbini walimtupia neno lolote, mkwe, chumvi, choo cha shule, naye akalidaka na kuligeuza kichekesho kabla hawajakaa sawa. Watu wakasema kichwani mwake mna kisima. Akasikia, akaamini, na hakujiuliza ni nani aliyekichimba.

Kisha mama yake akafa. Malunde akarudi kwao Kisarawe, ambako Wanyamwezi wachache wanaishi katikati ya Wazaramo, wakamzika. Baada ya maziko alikaa mkekani, na waombolezaji wakawa wanamtazama kwa kuiba. Wengine walianza kutabasamu kabla hajafungua mdomo. Kichekesho hakikumjia. Wala machozi hayakumtoka, na chakula alikisukuma kando. Kinyozi hajinyoi, lakini yeye hilo hakulikumbuka. Aliona aibu, kisha akaogopa. Kama hawezi kumlilia mama yake wala kumchekesha mtu, amebaki na nini? Akaamua moyoni kuiacha kazi.

Ndipo akaingia Bi Sikudhani, jirani Mzaramo, mtani wa ukoo ule, mwenye ruhusa ya kufanya mzaha hata msibani. Alikuwa amejifunga kanga ya marehemu na kushika mwiko. Alipita kati ya wafiwa akichechemea kama marehemu alivyochechemea, akafunua masufuria na kulalamika kwamba wali hauna chumvi. Halafu akamfokea Malunde kwa sauti ile ile ya mama yake, kwamba amekonda kwa kuwa televisheni haipiki. Wafiwa wakaangua kicheko. Malunde naye akacheka, na katikati ya kicheko kilio kikampata, akalia kama mtoto. Alipomaliza kulia aliomba chakula, akala.

Akamshukuru mtani wake, akasema hajapata kuona mchekeshaji kama yeye. Bi Sikudhani akafungua ile kanga, akamwekea mapajani.

"Nilipomzika mwanangu, mama yako alivaa shati la marehemu akaja kunichekesha mpaka nikala. We Mnyamwezi, ulidhani kuchekesha kumeanza kwako?"

Malunde aliirudia kazi yake, na ulimi ukawa mwepesi kuliko zamani. Lakini akisikia Mzaramo wa Kisarawe amefiwa, huiacha kamera mjini, akaenda kuvaa nguo za marehemu na kudai wali uongezwe chumvi. Huko hakuna anayempigia makofi. Hurudi akiwa na furaha ambayo ukumbini hakuwahi kuipata, na ile kanga anayo hadi leo.

Nawe unayesifiwa kwa kisima chako, umekwisha kumshukuru aliyekichimba?