Papai la Mize Lililokuja Lenyewe

Hapo zamani, katika mji wa Kirindi, alitawala Sultani aitwaye Zaharani, mtu mkarimu wa mali lakini mchoyo wa kukiri kosa. Asubuhi alikula nyama ya mbuzi, mchana pilau iliyozama samli, na baina ya hizo mbili halua. Tunda hakuligusa, akisema ni chakula cha popo na tumbili. Basi ikawa siku moja tumbo lake likafunga kama mlango uliotiwa komeo, likavimba hata mshipi wake wa dhahabu ukawa haumtoshi.

Akaitwa tabibu, mzee Idarusi. Akambonyeza tumbo, akasema mbele ya baraza, "Bwana wangu, dawa yako ni papai bivu kila asubuhi, na maji mengi. Papai hulainisha tumbo."

Sultani akaona haya, maana watu wote pale walikwisha kumsikia akiyacheka matunda. Akasimama, akaapa: "Wallahi, papai lililochumwa kwa mkono na kukatwa kwa kisu halitapita kinywani mwangu! Nitakula siku litakapokuja lenyewe mbele yangu na kujipasua lenyewe." Baraza ikacheka, naye akajiona ameshinda. Lakini tumbo halikucheka.

Sasa, pembezoni mwa mji alikaa mjane aitwaye Mize, hana kitu ila kibanda na mipapai nyuma yake. Mipapai hiyo aliilea kama watoto. Mbegu aliziosha utelezi, akazianika kivulini, akazipanda juu ya matuta, kwa kuwa maji yakisimama shinani mpapai huoza. Ilipotoa maua akaikata midume isiyozaa, akabakiza mmoja wa kuchavushia. Kwa mapapai hayo alijilisha, na kwa hayo alijivika.

Siku ile ya kiapo yuko sokoni, wanunuzi wakamcheka. "Mize, papai lako halina miguu? Sultani analingoja!"

Mize akawajibu, "Sultani hakulikataa papai. Analiogopa."

Soko likaangua kicheko, na kabla Mize hajakunja mkeka wake, askari wakawa wamesimama juu yake, wakampeleka barazani.

"Ewe Mize," akanena Sultani, mkono uko tumboni, "ni wewe uliyesema naliogopa papai?"

"Ni mimi, Bwana wangu. Laiti ningejua maneno yangu yanatembea upesi hivi, ningeyatuma yauze mapapai."

Sultani akauma mdomo asicheke. "Vema. Basi lifanye papai lako lije mbele yangu, wala lisichumwe kwa mkono wala kukatwa kwa kisu. Ukiweza, nitalila watu wakiona. Ijumaa ikipita hujaweza, mipapai yako yote itakatwa."

Mize akakaza kanga yake kiunoni. Akauliza, "Lije mbele ya Bwana, popote Bwana alipo?"

"Popote nilipo."

"Hewala, Bwana wangu."

Akarudi kwake, akaishika mipapai mmoja mmoja, machozi yakimlengalenga. Kisha akainua macho. Juu ya mpapai wa mwisho lilining'inia papai kubwa, nalo limeanza michirizi ya manjano. Desturi yake ni kulichuma hapo hapo, liivie ndani. Safari hii akaliacha, akawa anashinda chini yake na ufito, akifukuza ndege, na kila upepo ukivuma moyo wake huruka, akichelea lisije likaanguka kabla ya siku yake.

Ijumaa asubuhi, papai limekuwa la manjano tupu, limelegea kwenye kikonyo. Mize akaenda mbio hata barazani. "Bwana wangu, papai liko tayari kuja. Ila ni zito, na njia ya huku halijawahi kuipita. Linaomba Bwana alisogelee kidogo."

Sultani akataka kukataa, lakini maumivu yalikuwa makali, na hamu ya kuona kiroja hicho ilikuwa kali zaidi. Akaenda hadi kwa Mize, baraza nzima nyuma yake, na kiti chake kikabebwa. Mize akaonesha mahali kando ya mpapai wa mwisho, kiti kikatuliwa, Sultani akaketi. Wakangoja. Jua likapanda, jasho likamtiririka Sultani.

"Mbona haliji?"

"Linajitayarisha, Bwana wangu," akasema Mize. Akaikunja mikono kifuani, akauegemea mpapai, akaanza kujisugua mgongo kwenye shina kama ng'ombe. Mara, pu! Papai likatua mbele ya miguu ya Sultani, likapasuka vipande, na mbegu nyeusi zikarukia joho lake.

"Umeutikisa mti!" Sultani akapaza sauti.

"Nimejikuna, Bwana wangu. Mikono yangu ilikuwa kifuani, watu wote wanaiona. Bwana alikataza mkono na kisu. Mgongo hakuutaja."

Hakuna aliyethubutu kucheka. Sultani akainama, akaokota kipande, akakipangusa mchanga, akang'ata. Akatafuna. Akang'ata tena, maji ya papai yakimchuruzika ndevuni, hata yakabaki maganda.

"Umelitia sukari gani hili?"

"Samadi, Bwana wangu."

Mzee Idarusi akakohoa, asionekane anacheka. Sultani akasimama atoe hukumu. "Enyi watu wa Kirindi, mimi leo..." Akakoma. Akashika tumbo. Akamwinamia Mize sikioni, "Choo chako kiko wapi?"

"Nyuma ya mipapai, Bwana wangu."

Sultani akaenda, kwanza kwa heshima ya kifalme, kisha kwa mbio, joho amelikunja mkononi. Baraza nzima ikageuka kutazama mawingu.

Aliporudi uso wake uling'aa, naye akacheka hata akakaa chini mchangani. "Mize, umenishinda. Mipapai yako haiguswi. Nikupe dhahabu?"

"Dhahabu nitaifukia wapi, Bwana wangu? Watanibomolea kibanda wakiitafuta. Nipe samadi ya mazizi ya farasi wako, niongeze na michungwa na mipera. Mji huu una watoto wengi wanaovuja damu kwenye fizi, na chungwa ndilo liwafaalo."

Basi juma lililofuata watu wa Kirindi wakaona jambo wasilopata kuliona: watumishi wa Sultani, kanzu nyeupe pe, wakipita sokoni na vikapu vya samadi vichwani, na Mize mbele yao akipaza sauti, "Taratibu, mabwana! Msikimwage chakula cha Sultani!"