Makaburi ya Ukoo wa Semvua

Kijiji kilipokaa kupanga matumizi ya ardhi yake, watu walitaka msitu wa mbega uachwe kama ulivyo. Tajiri Semvua akasimama. Alitaka kuukata apande tangawizi.

"Msitu ni wangu," alisema. "Babu yangu amezikwa mle."

Kwa desturi ya pale, penye kaburi la babu yako ndipo penye shamba lako. Bi Nakijwa, mfuga nyuki aliyetundika mizinga yake humo msituni, akatikisa kichwa kwa huruma.

"Babu mmoja tu, mwanangu? Kaburi moja si litakupa kibustani cha mchicha tu?"

"Mmoja? Mama, ukoo mzima umelala mle!"

"Hadi kijitoni?"

"Hadi kijitoni."

"Na kule juu kwenye mikuyu, wanakozalia mbega?"

"Huko ndiko walikojaa! Kila mti una mtu wangu chini yake."

"Hebu apa, wazee wasikie."

Semvua akaapa kwa jina la babu yake. Mkutano ukakubali kuwa msitu wote ni wa ukoo wa Semvua, naye akaenda zake akipiga mluzi.

Asubuhi alipofika na wakata miti, alimkuta shangazi yake mkubwa ameketi njiani na wanawake wote wa ukoo, wamejifunga kaniki za msiba.

"Nakijwa ametueleza ulivyoapa," shangazi alisema. "Haya, baba, washa msumeno. Unaanza na kaburi la nani?"