Kwa Nini Orangutanu Hutandika Kitanda Kipya Kila Jioni

Zamani hizo, misitu ya kisiwa cha Borneo ilipokuwa bado haijaonja shoka, orangutanu, wale sokwe wekundu waishio mitini, walikuwa na vitanda vya kudumu kama sisi. Kila mmoja alisuka matawi juu ya mti wake mara moja tu, akalalia kitanda hicho mpaka uzeeni.

Hakuna aliyekipenda kitanda chake kama Salui, mama wa manyoya mekundu na maringo mengi. Alikisuka miezi mitatu, akakiwekea na mto wa maua. Hata mwanawe, Lawai, alilazwa ukingoni asije akakichafua. Lakini desturi ya pale ilikuwa kwamba kitanda kilichoachwa wazi kutwa ni halali ya yeyote apitaye. Kwa hiyo Salui hakutoka. Akala matunda ya mti ule, akayamaliza; akala majani, nayo yakaisha. Lawai akawa analia njaa, mbavu zinahesabika.

"Bi Salui," jirani yake hondohondo alimwambia, "doriani zimeiva ng'ambo ya mto. Mpeleke mtoto akale."

"Na kitanda changu nikuachie wewe?"

Hondohondo alicheka nusura aanguke. Lakini ukistaajabu ya Musa, utaona ya Firauni: Salui alishuka na kitanda, akajitwika kichwani, akakishika kwa mikono yote miwili, huyo akashika njia! Lawai hakuwa na pa kujishikiza, akawa anafuata nyuma kwa miguu. Matawi ya kitanda yalimfunika mama macho, naye alijisukuma mbele tu, akitukana kila mti uliomnasa. Alipofika penye doriani akasema, "Haya mwanangu, kula!"

Akachungulia katikati ya matawi: hakuna mtoto.

Salui aliingiwa na hofu ambayo hajapata kuijua. Akakitupa kitanda bila hata kutazama kilikoangukia, akarudi mbio. Alimkuta Lawai ananing'inia kwenye mti uliolala juu ya mto kama daraja, vidole vimemchoka, na mamba chini wakingoja kwa adabu zote. Akamnyakua, akamkumbatia, akalia na kucheka kwa pamoja.

Walipomaliza kula doriani, jua lilikuwa linazama. Salui akapanda mti wa karibu, akakunja matawi matano, akatandika majani. Muda wenyewe haukutosha kumenya ndizi tatu.

"Mama," Lawai alisema kwa furaha, "leo nimelala katikati!"

Na tangu siku hiyo, orangutanu hutandika kitanda kipya kila jioni, na mtoto humng'ang'ania mama yake miaka mingi kabla ya kumwachia. Ndiyo maana wanahitaji msitu mpana. Siku hizi miti inakatwa, Borneo na hata kule kisiwa jirani cha Sumatra, nao wamebaki wachache. Mti waliolalia jana wameshausahau. Wanautafuta wa leo.