Tusi la Sokoni

"Tusi la sokoni haliombewi radhi jikoni." Mmemsikia shangazi yenu akisema hivyo, nanyi mnaniuliza maneno hayo yametoka wapi. Basi tulieni, wajukuu zangu, niwaeleze yalivyoanza.

Kijijini Kwamkole aliishi mjane aliyeitwa Mwantumu, muuza samli. Siku moja ya gulio, Mzee Semhina, tajiri wa ng'ombe, alisimama katikati ya watu akapaza sauti: "Msinunue kwa mwanamke huyu! Samli aliyoniuzia kaichanganya na mafuta ya taa. Tapeli mkubwa!"

Wanunuzi wakatawanyika. Hata watu waliokuja kumposa binti yake, Mwanakombo, wakaivunja posa mbele ya majirani.

Haukupita muda, Semhina akagundua kwamba mkewe ndiye aliyeimimina samli ile kwenye debe lililokuwa na mafuta ya taa. Akaona haya. Akaenda kwa Mwantumu kwa mlango wa uani, akamkuta jikoni akipuliza moto.

"Dada yangu, nilikosea," akanong'ona. "Nimekuletea doti ya kanga. Nisamehe, yaishe."

"Mbona leo unanong'ona? Siku ile sauti yako ilifika ng'ambo ya mto."

"Mtu mzima mimi! Nikasimame sokoni kama mtoto?"

"Kutukana ulisimama. Chukua kanga zako."

Kaka yake Mwantumu, Mbaruku, aliposikia akaja juu. "Mzee wa watu kainama, nawe humwinui? Una moyo wa jiwe!"

"Moyo wangu umeshamsamehe, kaka," alijibu Mwantumu. "Lakini jina langu hakulivunjia hapa jikoni."

Gulio lililofuata akapanga vibuyu vyake palepale. Hakuna aliyenunua. La pili vilevile. Watu wakamcheka, naye hakubanduka. Semhina alikuwa akipita ameinamisha kichwa, hadi siku moja miguu ikagoma. Akasimama, akapaza sauti:

"Jamani, Mwantumu si tapeli. Samli iliharibikia nyumbani kwangu. Nilimsingizia."

Mwantumu akainuka, akampa mkono watu wote wakiona.

Baada ya hapo wale waliovunja posa nao wakaja, wakinyata, kwa mlango wa uani. Mwantumu akamtazama binti yake. Mwanakombo hakuinuka hata kwenye kigoda. Akawajibu akiwa ndani, kwa sauti iliyosikika mpaka kwa majirani:

"Zungukeni mbele, wazee wangu. Tusi la sokoni haliombewi radhi jikoni!"