Watatu Waliomuumba Ndoana

Sogeeni, na mwenye kicheko akimalize sasa hivi, maana huko mbele hakuna pa kuchekea. Hadithi hii ina swali mwishoni. Mimi limenishinda, ndiyo sababu nimewaletea ninyi.

Hapo Tanga, enzi za vitabu vya kutia mfuko wa shati, walikuwako watu watatu, kila mmoja na kipaji chake.

Akida Semhando alikuwa na jicho. Alikuwa mtunzi wa riwaya za kijasusi, ametoa vitabu kumi na vinne, na vyote vinauzwa kama njugu: stendi, sokoni, kambini, mpaka wodini. Ukikaa naye dakika tano mkinywa kahawa, ujue namna unavyoshika kikombe keshaichukua. Mwezi ujao kuna muuaji anashika bastola vivyo hivyo.

Lameki Mbelwa alikuwa na mkono. Alichora mabango ya saluni na bucha, na majalada ya vitabu pia. Uso akiuona mara moja, haumtoki kichwani.

Bi Saumu binti Waziri, mwenye kiwanda cha chapa, yeye alimjua msomaji. Alijua msomaji atashtuka wapi, atachoka ukurasa wa ngapi, na kitu gani kitamfanya amgombanie mwenzake kitabu. Mswada uliopita chini ya kalamu yake nyekundu ulitoka umechangamka.

Sasa, watu waliamini Akida mwenyewe alikuwa kachero zamani. Wallahi hakuwa. Alikuwa karani wa mizani kwenye shamba la mkonge, na bastola hakuwahi kuishika maishani. Lakini wakimwita "Afande" njiani alijitia hasikii, akaweka sawa miwani yake nyeusi, akapita polepole wapate kumwona vizuri. Ndivyo alivyokuwa, simsingizii.

Kitabu cha kumi na tano kikamkwama. Mpelelezi anaye, almasi za magendo anazo, gari la kufukuzana analo, hana jambazi. Siku tisa aliketi barazani na taipureta yake akitazama barabara. Na ng'ambo ya barabara, Barabara ya Kumi na Mbili, alikuwako fundi saa.

Huyo ni Mzee Zahoro Kibwana. Mguu wa kushoto aliuburuta kidogo kwa ajali ya ujanani. Na kwa kuwa mchana kutwa alichungulia saa kwa jicho moja, hata ukimsemesha alifumba la kushoto kwanza, akakukazia la kulia, akakohoa mara mbili, ndipo akajibu. Mtaa mzima ulimzoea. Saa ya marehemu baba yake Akida aliitengeneza yeye, akakataa ujira. "Mimi na baba yako tulikuwa majirani kabla wewe hujazaliwa," alimwambia. "Nenda zako."

Akida akamtazama. Akachukua mguu, akachukua jicho, akachukua na kule kukohoa. Akampa vyote jambazi wake, sonara tajiri wa Beiruti aitwaye Ndoana, ambaye kabla hajamuua mtu hufumba jicho moja na kukohoa mara mbili. Siku ile alifurahi mpaka akaongeza sahani ya wali. Beiruti ni mbali, alijiambia, nani atajua? Akapeleka mswada, akaanza kitabu kingine. Kazi ikishamtoka mkononi hakuwa mtu wa kuirudia kuisoma.

Bi Saumu akausoma mswada, akashika kalamu nyekundu. "Beiruti kuna nini?" alisema peke yake ofisini. "Msomaji wangu ukimpeleka Beiruti anapiga miayo. Mletee maiti kwenye barabara anayopita kila siku, uone." Akafungua ramani ya mji, akaweka kidole, kikaangukia Barabara ya Kumi na Mbili. Usonara nao akaufuta, kwa sababu masonara wa mjini ni wakali, wangemjia juu. Akaandika fundi saa, na almasi akazificha ndani ya saa. Mwenyewe aliishi Chumbageni, na saa yake ikiharibika hununua mpya. Alidhani mafundi saa wako kila barabara kama wauza maandazi.

Lameki hakusoma kitu. Wachora majalada hawasomi, wanaambiwa. Bi Saumu alimwambia, "Nichoree jambazi mzee, lakini asifanane na jambazi. Awe mtu ambaye ungemwachia mwanao amvushe barabara." Lameki akakumbuka uso aliouona siku moja kwa muuza kahawa: mashavu marefu, kovu dogo kidevuni, kofia imelazwa kisogoni, uso mpole. Jina la mwenye uso hakulijua, wala kazi yake. Akauchora kwa rangi zake za mabango, ukatoka unakaribia kukusalimu.

Haya, tazameni. Mguu na jicho peke yake, huko Beiruti, nani angejali? Barabara na saa peke yake, ni hadithi tu. Uso peke yake, watu hufanana. Vilipokutana kwenye kitabu kimoja akatoka Mzee Zahoro mzima mzima, na maiti sita juu yake.

Kitabu kiliitwa *Ndoana Haina Rafiki*. Kiliuzwa kuliko vyote kumi na vinne.

Wiki ya kwanza watoto walipita kwa fundi wakipiga kelele, "Ndoana! Ndoana huyo!" Mzee alidhani wanamwita mtu aliye nyuma yake, akageuka kumtazama. Wiki ya pili mteja mmoja akamwonyesha jalada. Mzee Zahoro akakichukua kile kitabu, akavuka barabara.

"Shikamoo, mzee," Akida akasimama.

"Marahaba. Mwanangu, huyu ni nani?"

"Ni mtu wa kubuni, mzee. Hayupo."

Mzee akafumba jicho la kushoto, akamkazia la kulia, akakohoa mara mbili. "Mbona kavaa kofia yangu?"

"Watu hufanana, mzee."

"Haya. Kama wewe unasema hufanana."

Akageuka, akavuka kurudi na mguu wake. Aibu ilimpanda Akida mpaka masikio yakawaka moto. Neno lilikuwa mdomoni, limebaki kutoka tu, wala hakulitoa. Jioni ile alipokuja mtu wa gazeti kumuuliza siri ya mafanikio yake, alivaa miwani nyeusi akasema siri ni kuwajua wabaya. Maneno hayo yalichapwa, na picha yake pembeni.

Mnajua ilikofikia? Wanaume wanne wa ulinzi wa mtaa walikuwa wanakisoma kile kitabu kwa zamu, na walikuwa wamefika mahali almasi zinapofichwa ndani ya saa. Jumatatu moja asubuhi wakamjia mzee. Walifungua saa moja, ya pili, ya tatu. Almasi hawakuziona. Wakakasirika kwa kutoziona, wakapindua sinia zote pale chini. Saa za watu thelathini na moja zikamwagika matumbo, vigurudumu na viskrubu vidogo kama chembe za ufuta, vyote vikachanganyika na mchanga.

Mzee Zahoro akapiga magoti. Akaanza kuokota kimoja kimoja kwa kibano. Watu walisimama kumtazama, na wengine walikuwa na kitabu mkononi.

Akida alikuwa nyuma ya pazia la dirisha lake. Aliona yote. Mara tatu alishika komeo la mlango, mara tatu akaliachia. Alijiambia akitoka sasa atazidisha zogo. Alijiambia mzee angeaibika zaidi. Alijiambia mengi, maana maneno ndiyo kazi yake, na hakuna hata moja alilolisadiki. Mtu aliyewapigisha watu magoti mbele ya bastola kwenye vitabu kumi na vitano alishindwa kuvuka barabara ya hatua ishirini akamsaidie mzee kuokota skrubu.

Baada ya hapo wenye saa wakaja kuzidai. Nani angejua gurudumu lipi ni la saa ipi? Mzee aliwaomba wampe muda. Wakatazamana. "Kumbe ni kweli," mmoja akasema, wala hakupunguza sauti. Mtu ambaye kwa miaka thelathini hakuwahi kupoteza hata mkanda wa saa ya mtu sasa aliitwa mwizi na watu wenye ushahidi mkononi. Akatangaza kwamba Ijumaa baada ya swala anahamia Pangani kwa dada yake.

Jumatano Akida alivuka. Hakuvaa miwani.

"Shikamoo, mzee."

"Marahaba."

"Ni wewe. Nilikuchukua mguu na jicho. Nilikudanganya."

Mzee aliendelea kufunga vifaa vyake. "Najua. Hilo nililijua siku ileile."

"Uso alichora Lameki. Barabara na kazi aliandika Bi Saumu. Hatukupanga, mzee, naapa. Tutakuja wote watatu, tukuombe radhi mbele ya watu, ubaki."

"Sitaki watatu."

"Kwa nini, mzee?"

"Mkija watatu mtagawana. Kila mmoja atabeba theluthi ya aibu, na theluthi ni nyepesi, mtu anaweza kwenda nayo sokoni. Mimi yangu nimeibeba nzima." Akafunga kamba ya sanduku. "Ijumaa watu watakuwa hapa kuniaga, au kunicheka. Avuke mmoja. Asimame hapa aseme, 'Aliyemfanya huyu mwizi ni mimi.' Asimtaje mwingine. Akifanya hivyo nitafungua sanduku hili, nibaki. Asipotokea, nakwenda."

"Mmoja yupi?"

"Nilikuwa natengeneza saa, mwanangu. Hilo nalo msinitwike mimi."

Alhamisi watatu wakakutana kiwandani kwa Bi Saumu. Mwanzo walirushiana lawama, kama mnavyotarajia. Mguu ni wako, uso ni wako, barabara ni yako. Kisha Akida akaeleza zile skrubu mchangani na pazia lake, kila mtu akatazama chini, na toka hapo kila mmoja akaanza kuitaka aibu iwe yake.

"Nitavuka mimi," Akida akasema. "Nyinyi hamkumjua. Mimi nilimjua, na nilimkana machoni pake."

"Na ukivuka?" Bi Saumu akamuuliza. "Watasema Afande ni mtu muungwana. Watakupenda zaidi, na vitabu utauza zaidi. Hiyo ni toba au ni tangazo? Kwako alikuwa Beiruti, Akida. Aliyemleta nyumbani ni mimi. Nitavuka mimi."

"Bi Saumu, niwie radhi," Lameki akasema. "Wewe ukivuka watasema tajiri anaokoa mashine zake. Halafu wale watoto hawajui kusoma. Watu wa sokoni wengi hawajui kusoma. Hawajui Beiruti, hawajui jicho. Walichokijua ni picha, na wakamnyoshea kidole kwa picha yangu. Nitavuka mimi."

"Na wewe ukivuka," Akida akamjibu, "watasema wakubwa wamemtoa mdogo. Wewe ndiye usiyejua kitu kabisa. Kesho nani atakupa bango la kuchora?"

Akida alijua kila walilosema ni kweli, na kilichomtia aibu kuliko yote ni kwamba, Bi Saumu aliposema asivuke, moyo wake ulipumua. Alikuwa na uhakika wenzake wameliona hilo usoni mwake.

Ijumaa ikafika. Swala ilipokwisha watu walijaa Barabara ya Kumi na Mbili kama kuna harusi. Sanduku la mzee lilikuwa juu ya mkokoteni, na msukuma mkokoteni ameshashika mpini. Mzee Zahoro alisimama mlangoni kwake katika kanzu nyeupe. Ng'ambo ya pili walisimama watatu bega kwa bega: Akida, Lameki, Bi Saumu. Hawakuwa wameafikiana. Kila mmoja alikuwa tayari kuvuka, na kila mmoja alikuwa na sababu ya kweli ya kumshika mwenzake mkono.

Msukuma mkokoteni akauliza, "Mzee, twende?"

"Ngoja kidogo," mzee akasema.

Basi, na mimi nasimama hapo. Msiniambie wavuke wote, mzee amekwishakataa. Msiniambie mzee achague, amekwishakataa na hilo. Yupo aliyemjua mzee akamwiba, akamkana. Yupo aliyemtoa mbali akamweka mlangoni pa watu. Yupo aliyempa uso wa kunyoshewa kidole, bila kumjua hata jina. Ondoa mmoja wao, yeyote, na Mzee Zahoro yuko kazini kwake leo na kibano mkononi. Wewe hapo, ungemsukuma yupi mgongoni avuke?

Lakini kabla hujajibu. Kile kitabu mimi ninacho nyumbani. Nilikinunua, nikakimaliza kwa siku moja, na siku ile ya skrubu nilikuwa mmoja wa waliosimama kutazama. Wewe je, ulikuwa wapi?