Makaa ya Mpakani kwa Bi Fuko

Hadithi inapiga hodi!

Ikaribie, mkeka upo!

Imekuja na nani?

Na mwenye tumbo na mwenye akili!

Basi, zamani si zamani sana, maana umeme ulikuwa umeshafika, Kiboko aliamua kuwa nyumba yake lazima iwake taa. Alikuwa anakula usiku kucha, na amechoka kula asichokiona. Mafundi wakaja na nguzo zao, wakapima, wakasema, "Mzee, waya una njia mbili. Upite kwenye matikiti yako, au upite kwa jirani."

"Kwa jirani!" akasema Kiboko, hata hawajamaliza.

Jirani ni Bi Fuko, mjane mdogo asiyeona, mwenye kishamba cha viazi vitamu. Mafundi walipochomeka kijiti mahali pa kuchimbia nguzo, Bi Fuko akatoka mbio, roho juu. Chini ya kijiti kile ndipo walipolala wanawe. Shimo lingeshuka moja kwa moja kitandani.

"Jamani, hapana! Sijaombwa, sijakubali. Tena mimi kipofu, taa ya nini?"

"Uombwe nini?" Kiboko akacheka, ho! ho! ho! "Hapa pote ni pangu. Twende barazani."

Hakimu alikuwa Korongo, anayesimama kwa mguu mmoja kumsikiliza huyu, kisha kwa mguu wa pili kumsikiliza yule. Akasema, "Desturi mnaijua. Wazee walipoweka mpaka walifukia makaa, kwa kuwa makaa hayaozi. Kesho tunachimba. Yatakapokutwa, hapo ndipo mpaka."

Bi Fuko akanywea. Ardhi ile anaijua yote kwa chini, na haina makaa popote. Babu zao walikuwa marafiki, mpaka hawakuuhitaji.

Jioni, akiwa stoo, mwisho kabisa wa shamba lake, upande ulio mbali na kwa Kiboko, akasikia juu: du, du, du. Nchi nzima mwenye hatua hizo ni mmoja tu. Kisha chaku, chaku, chaku. Kisha dari ikatoboka, na kipande cha makaa, bado kinanuka mahindi ya kuchoma, kikamwangukia puani. Pu!

"Alaa," akasema Bi Fuko. "Jirani kaniletea makaa." Akayaokota yote, moja baada ya jingine, akashika njia zake za chini, furaha tele.

Asubuhi wakaja wote, na Mhanga, mchimbaji wa baraza.

"Chimba pale, mwisho wa viazi!" Kiboko akaamuru.

Chaku, chaku, chaku.

"Umeona nini?" akauliza Korongo.

"Udongo, Mheshimiwa."

"Chimba tena!" akasema Kiboko.

Chaku, chaku, chaku.

"Umeona nini?"

"Udongo, Mheshimiwa. Na nyungunyungu mmoja."

Kiboko jasho likaanza kumtoka. Bi Fuko akasema kwa unyonge, "Mheshimiwa, labda tujaribu kule mwisho wa matikiti, penye tikiti zito kuliko yote."

Kiboko akacheka mpaka masikio yakatikisika. "Chimbeni! Mkikuta makaa kule, nasema mbele ya baraza, kuanzia hapo mpaka kwa Bi Fuko, chote ni chake!"

Chaku, chaku, chaku.

"Umeona nini?"

"Makaa, Mheshimiwa."

"Uongo!" Kiboko akanguruma. "Makaa hayo nimeyafukia mwenyewe jana, kule kwenye via..."

Mdomo ukabaki wazi. Na mdomo wa kiboko ukibaki wazi, hata wa kijiji cha pili wanauona.

Korongo akabadilisha mguu. "Kwenye nini, Mzee?"

"Hamna kitu, Mheshimiwa."

Basi matikiti yakawa ya Bi Fuko, na watoto wakaendelea kulala. Mafundi wakamwendea kwa adabu, safari hii wakaomba. Akawaambia, "Pitisheni nguzo kwenye matikiti. Jirani ni jirani." Jioni taa ya Kiboko ikawaka, pa! Kitu cha kwanza alichokiona dirishani ni matikiti, manene, yanang'aa, na yote ya mwenzake.

Fundisho, wanangu: mpaka ni kitu cha heshima, na makaa ya mpakani hayachezewi. Bi Fuko huwaambia wanawe hivyo kila siku, mdomo umejaa tikiti.

Hadithi inaaga!

Iende salama, mkeka tunaukunja!